Mamba wa Bustani na Nyoka wa Shambani

Je, umepata kusimama hatua chache tu kutoka kinywani mwa mamba, nawe moyo wako ukatulia? Watoto wa Lubumbashi hupata bahati hiyo. Ndani ya mji wetu imo bustani ya wanyama, ambayo wakubwa kwa wadogo huiita "zoo" tu. Siku za mapumziko wazazi huenda huko na watoto wao, wamewavalisha nguo safi, wakatembea polepole kati ya vizimba kama watu waliokwenda kuwasalimu jamaa.

Mwezi wa Juni uliopita, wakati baridi inapouma asubuhi na vumbi jekundu limekwisha kuyafunika majani, niliwapeleka huko wanafunzi wangu. Mwaka wa shule ulikuwa ukingoni. Baada ya majuma machache wengi wao walikuwa waende likizo kwa mababu na mabibi zao: wengine upande wa Luapula, wengine Lufira, wengine mbali hadi Bukama kwenye mto Lualaba. Nilitaka wawaone wanyama na kufurahi. Lakini nilikuwa na sababu nyingine pia, nayo nitaieleza mahali pake.

BUSTANI ILIYOONJA NJAA

Bustani hii ni ya zamani. Ilianzishwa wakati wa utawala wa Wabelgiji, mji ulipokuwa ukiitwa Elisabethville, jina lililoachwa mwaka 1966. Waliozaliwa siku hizo husimulia jinsi walivyokwenda kuwatazama simba wakiwa wamepanda mabegani mwa baba zao.

Kisha ikaja miaka ya 1990, miaka ya dhiki. Mwaka 1991 askari waliasi, maduka yakaporwa. Kazi za shaba zilizokuwa zikiulisha mji zikadhoofika. Mfanyakazi akakaa miezi mingi bila kuona mshahara. Nyumba ambayo watoto wake hulala bila bukari haiwezi kumtafutia simba nyama. Wanyama wa bustani walipungua mmoja mmoja: wengine walikufa kwa njaa, wengine wakaishia chunguni. Tusiwahukumu upesi watu wa siku zile. Mwenye shibe hamjui mwenye njaa.

Baada ya mwaka 2000, watu wenye moyo, wenyeji na wageni, walianza kuitengeneza tena. Kuta zilijengwa, miti ikatunzwa, wanyama wakaletwa. Mwaka 2006 palianzishwa pia mjini kwetu makao ya sokwe wadogo, yajulikanayo kwa kifupi kama J.A.C.K., kwa ajili ya watoto wa sokwe walionyang'anywa wale waliowaua mama zao na kuwauza wao sokoni.

Niliwaeleza wanafunzi habari hizi tukiwa bado langoni, kabla hawajaanza kukimbia huku na huko. Nilitaka wafahamu neno moja: mnyama aliye porini hujitafutia mwenyewe, lakini aliyefungiwa hana njia. Basi aliyemfungia amejitwika deni, na deni hilo hulipwa kila siku.

"JE, NI MZIMA, AU NI SANAMU?"

Tulipofika penye mamba, watoto wote walinyamaza. Alikuwa amelala kando ya maji, juani, kinywa wazi, hatikisiki hata kope. Kijana mmoja alinong'ona, "Mwalimu, je, ni mzima, au ni sanamu?"

Mzee mlinzi, aliyekuwa karibu na ufagio wake, alicheka. "Mwanangu," akasema, "ruka ukuta huo, utajua mara moja."

Ndipo nilipowaeleza. Mwili wa mamba hauna moto wake wenyewe kama mwili wetu. Sisi tukila, chakula kinatutia joto, usiku na mchana, baridi na jua. Mamba hutegemea jua. Asubuhi ya baridi hulala mchangani apate joto. Akiona limezidi, hufungua kinywa ili joto lipungue, au huteremka majini. Kwa hiyo yule anayeonekana mvivu yumo kazini, anaupima mwili wake kama mpishi apimavyo moto wa chungu. Tena, kwa kuwa hatumii chakula kujipasha joto, chakula kidogo humtosha kwa siku nyingi. Mlinzi alituambia kwamba wakati wa baridi hula kwa nadra, na wageni hukasirika wakidhani ananyimwa.

Watoto walitaka kusikia habari za meno, nami sikuwanyima. Taya za mamba hufunga kwa nguvu inayowashinda karibu wanyama wote wa dunia. Lakini misuli inayozifungua ni dhaifu, hata kamba ya kawaida yatosha kumfunga kinywa. Kooni mwake mna kifuniko cha nyama, kinachoziba njia ya maji; ndiyo sababu aweza kukamata kitu chini ya maji kinywa kikiwa wazi, wala asizame. Mamba wa mito yetu mikubwa, yule wataalamu wanayemwita mamba wa Nile, aweza kufikia urefu wa meta 5, na wengine hupita hapo. Katika nchi yetu wako na ndugu zake: yule mwenye pua ndefu nyembamba, mvuvi wa samaki, na yule mfupi wa misitu, ambaye hukaa katika vijito vya kivuli.

Lakini lililowashangaza zaidi halikuwa la meno. Jike la mamba huchimba shimo ufukoni, hutaga humo mayai 25 hadi 80, huyafunika, kisha hukaa karibu akiyalinda kwa muda wa miezi mitatu hivi. Jua na mchanga ndivyo vinavyoyaatamia. Na ajabu ni hii: kama kifaranga atakuwa dume au jike, joto la shimo ndilo linaloamua. Mayai yakikaa katika joto la digrii 32 hadi 34 hivi, wengi huwa madume. Joto likipungua, huwa majike. Siku ya kuanguliwa vifaranga hulia wakiwa bado ndani ya yai. Mama huwasikia, hufukua mchanga, na kwa meno yaleyale yavunjayo mifupa ya nyati huwabeba watoto wake hadi majini, bila kuwakwaruza.

Binti mmoja aliwaza kidogo, kisha akauliza, "Basi, Mwalimu, mamba ni mama mwema?"

Nikamjibu, "Kwa watoto wake, ndiyo. Kwako wewe unayechota maji, sivyo. Yote mawili ni kweli, nawe uyashike yote mawili."

MFALME WA MAJI

Wazee wetu waliyashika yote mawili. Katika Kiluba mamba huitwa ngandu. Kwa Wabemba, ambao wengi wao wanakaa mjini humu pamoja nasi, ukoo wa kifalme, ukoo wa Chitimukulu, ni Bena Ng'andu, yaani watu wa mamba. Hawakulichagua jina hilo kwa sababu mamba ni mpole. Walimheshimu mtawala wa maji, na mwenye kuheshimu hukaa mbali.

Lakini heshima hiyo ilipotea penye fedha. Katika miaka ya 1950 na 1960 mamba waliwindwa vibaya katika mito na maziwa ya Afrika, ngozi zao zikafanywa mikoba na viatu vya Ulaya na Marekani. Mahali pengi walikaribia kumalizika. Mwaka 1973 mataifa yaliandika mkataba katika mji wa Washington, kuzuia biashara ya wanyama walio hatarini, na mamba wamo. Mkataba huo ulianza kazi mwaka 1975.

Hata hivyo wanafunzi waendao Luapula na Lualaba hawahitaji kuambiwa habari za mikoba. Wanahitaji kujua jinsi mamba anavyowinda. Yeye ni mwanafunzi mwema kuliko wengi wa darasa langu: anajifunza desturi zako. Ukichota maji mahali palepale, saa ileile, siku kwa siku, yeye yuko chini ya maji, anakuhesabu. Siku ya kwanza hakugusi, wala ya pili. Kwa hiyo badilisha mahali, usiende peke yako, usiende jioni giza likiingia, usisimame majini kufua nguo, na ndoo yako iwe na kamba au mti mrefu. Penye kisima, au pale wanakijiji walipojenga ua wa miti mtoni, nenda hapo, hata kama ni mbali zaidi. Mguu uliochoka hupona.

CHATU, KOBE NA KINYONGA

Kutoka kwa mamba tulimwendea chatu. Alikuwa amejikunja kama kamba ya meli. Wasichana wawili walijificha nyuma yangu, na vijana watatu, waliokuwa wakijisifu njia nzima, walijificha nyuma ya wasichana. Niliwaambia kwamba chatu hana sumu kabisa. Huua kwa kubana. Jike lake hujizungusha juu ya mayai yake hata yaanguliwe, na siku hizo hawindi.

Kobe tulimwona pia. Kwetu Katanga yuko kobe mmoja ambaye gamba lake lina bawaba nyuma, kama mlango: akiogopa, huvuta miguu ndani na kufunga. Watoto walimpenda mara moja, maana hana neno na mtu.

Hapo nikawauliza, "Nani anaogopa kinyonga?" Mikono yote ikainuliwa. Nikauliza tena, "Nani amepata kumwona mtu aliyeuawa na kinyonga?" Mikono yote ikashuka. Kinyonga hana sumu, hana meno ya kumdhuru mtoto, naye hula nzi na panzi. Lakini kijijini wengi humpiga mawe au humkimbia kama moto, na wakati uleule huingiza mkono mtupu chini ya gogo ambamo kifutu amelala. Tunamwogopa asiyedhuru, na adhuruye hatumfikirii. Hapo ndipo kosa letu lilipo.

Kijana mwingine akauliza swali nililolingojea: "Mwalimu, nyoka si alilaaniwa? Mbona basi tumtunze?"

Nilimjibu kwamba kisa cha bustani ya Edeni chatufundisha juu ya dhambi yetu, hakituamuru kumwua kila nyoka tunayemkuta njiani. Nyoka hula panya. Na panya huyo, asipoliwa, atakula mahindi ya ghala yako. Wengi wa nyoka wa nchi yetu hawana sumu ya kumdhuru mtu. Wasipokanyagwa wala kushikwa, hata wenye sumu hupenda kukimbia.

JIWE JEUSI

Sasa nifike kwenye ile sababu yangu ya pili. Tulikaa chini ya mti, watoto wakatoa mikate na karanga zao, nami nikawaambia: nyoka mliyemwona leo yuko nyuma ya kioo, yule mtakayekutana naye likizoni hana kioo. Je, mtu akiumwa, mtafanya nini?

Majibu yalikuja kama mvua. "Kufunga kamba mguuni." "Kuchanja kwa wembe na kunyonya damu." "Kumwagia petroli." Ndipo kijana mmoja mwenye heshima, anayekaa daima mstari wa mbele, akasema, "Mwalimu, nyumbani kwetu lipo jiwe jeusi. Mama anaweka jiwe jeusi."

Wengi walitikisa kichwa kwa kukubali. Nani katika Kongo asiyelijua jiwe jeusi? Ni kipande cha mfupa wa ng'ombe uliochomwa hata ukawa mweusi. Hukwaruzwa jeraha hata litoke damu kidogo, kisha jiwe huwekwa juu, nalo hushika; linapoanguka, watu husema limekunywa sumu yote. Wamisionari wengi walilitumia na kuligawa kwa nia njema, katika siku ambazo mara nyingi hawakuwa na dawa nyingine. Mimi mwenyewe nililelewa shule ya misioni, nililiona kabatini, nikaliamini.

Niliwaambia kisa changu, nacho nakiandika hapa kwa sababu sitaki kiwe cha mtoto mwingine.

Nilikuwa na miaka kumi na mmoja. Mvua zilikuwa zimeanza, tukaenda msituni, mimi na rafiki yangu, kutafuta uyoga. Alikuwa mbele. Nyoka mrefu wa rangi ya kijivu alitoka penye kichuguu, akamwuma juu ya kifundo cha mguu, akatoweka. Tulikimbia nyumbani, nasi kukimbia kwenyewe kulikuwa kosa, ingawa hatukujua. Jirani mmoja, mtu mwema, alileta jiwe jeusi. Lilishika vizuri. Watu wakashukuru, wakasema, "Liacheni mpaka lianguke lenyewe." Mguu haukuvimba sana, naye hakulia. Hospitali ilikuwepo, mwendo wa saa mbili kwa baiskeli, na baiskeli ilikuwepo pia, imeegemea ukuta mbele ya macho yetu. Jioni kope za rafiki yangu zikawa nzito. Tulidhani ana usingizi. Sauti yake ikawa nene kama ya mlevi, tulidhani amechoka. Usiku alishindwa kumeza maji. Kabla ya usiku wa manane pumzi zilikatika. Jiwe lilikuwa bado limeshika. Yule jirani alilia kuliko sisi sote.

Leo najua kilichotokea. Yule alikuwa koboko. Sumu yake haiozeshi mguu. Huenda kwenye mishipa ya fahamu na kuilaza misuli, kwanza kope na ulimi, mwisho misuli ya kuvuta pumzi. Mtu wa namna hiyo anahitaji dawa yenyewe ya sumu, na wauguzi wa kumsaidia kuvuta pumzi hata sumu iishe nguvu. Jiwe halikumwua rafiki yangu. Lilituibia saa zile ambazo angeweza kupelekwa.

KWA NINI WATU HULIAMINI?

"Lakini, Mwalimu," alisema yule kijana, "mjomba aliumwa, akawekewa jiwe, akapona."

Nilimsifu kwa kusema hivyo, maana ndilo swali la kweli. Tukafanya hesabu. Shirika la Afya la Dunia lakadiria kwamba watu kama milioni 5.4 huumwa na nyoka kila mwaka ulimwenguni. Kati yao, watu milioni 1.8 hadi 2.7 ndio wanaoingiwa na sumu. Maana yake ni nini? Ni kwamba nusu ya walioumwa, au zaidi, hawakupata sumu: ama nyoka hakuwa wa sumu, ama alikuwa nayo lakini hakuitoa. Basi chukua watu kumi walioumwa, wawekee jiwe jeusi. Watano au zaidi watapona, na jiwe litapata sifa. Wawekee ganda la ndizi, watapona walewale, na ganda la ndizi litakuwa dawa maarufu! Wale wasiopona husemwa kwamba jiwe lilichelewa, au lilikuwa la bandia.

Jiwe hushika kwa sababu lina vitundu vidogo vinavyofyonza majimaji ya jeraha, kama ulimi unavyoshika chungu kikavu. Lakini sumu imekwisha kwenda ndani ya mwili, pasipofikiwa na jiwe. Mwaka 2007 wataalamu walitangaza matokeo ya majaribio yao: waliwadunga panya sumu ya nyoka, wakawawekea jiwe jeusi, jiwe halikuwaokoa.

Shirika lilelile lahesabu kwamba watu kati ya 81,000 na 138,000 hufa kila mwaka kwa nyoka, na wengi zaidi huachwa vilema. Ni wakulima, wachungaji, wachoma makala, na watoto: watu wa mashambani, wasio na wa kuwasemea. Mwaka 2017 ndipo jambo hili lilipoandikwa katika orodha ya magonjwa yaliyosahauliwa, na mwaka 2019 ukatolewa mpango wa kupunguza nusu ya vifo na vilema hivyo kufikia mwaka 2030.

DAWA YATOKA KATIKA SUMU

Dawa ya kweli ni seramu. Mfaransa Albert Calmette ni mmoja wa walioianzisha katika miaka ya 1890. Farasi hudungwa sumu kidogo kidogo, hata damu yake inajifunza kupigana nayo. Kisha huchukuliwa sehemu ya damu hiyo, ikasafishwa, ikawa dawa ya mtu. Lakini sumu ya kumdunga farasi yatoka wapi? Yatoka kwa nyoka wenyewe, waliotunzwa vizuri na watu wanaojua kazi, ambao huwakamua kama mama akamuavyo mbuzi. Huko Watamu, pwani ya Kenya, kuna nyumba ya nyoka iitwayo Bio-Ken, iliyoanzishwa mwaka 1980 na marehemu James Ashe. Wageni huenda kutazama nyoka kama sisi tulivyotazama. Na mahali hapohapo pamekuwa msaada kwa wanakijiji walioumwa. Kijana aliyeuliza kwa nini tumtunze nyoka alipata hapo jibu la pili.

AKIUMWA MTU, TUFANYE NINI?

Wazazi, kateni ukurasa huu mkauweke mahali pa kuonekana.

Kwanza, ondokeni penye nyoka. Msimfukuze kumwua, wengi wameumwa wa pili kwa kufanya hivyo.

Pili, mlazeni mgonjwa, mtulizeni. Asikimbie, asitembee kama yawezekana. Vueni pete, bangili, shanga na kiatu upande ulioumwa, maana mguu au mkono waweza kuvimba. Ufungeni kijiti pembeni, kama mtu aliyevunjika, ili usichezecheze.

Tatu, msikaze kamba, msichanje, msinyonye, msichome moto, msimwage petroli. Kifutu akiuma, sumu yake huozesha nyama. Kamba iliyokazwa huongeza uharibifu, na mguu hukatwa.

Nne, mpelekeni hospitali mara moja, kwa machela, kwa gari, au kwa pikipiki, akiwa katikati, mmoja mbele na mmoja nyuma kumshika. Akitapika, mlazeni ubavu wa kushoto. Kumbukeni saa aliyoumwa.

Tano, swila akitema mate machoni, osheni macho kwa maji mengi safi, kwa muda mrefu, kisha nendeni kwa mganga wa hospitali.

Na heri kuzuia kuliko kuponya. Usiku tembea na taa. Shambani vaa viatu vigumu. Geuza gogo kwa mti, si kwa mkono. Lala kitandani, chandarua kimeingizwa chini ya godoro. Fyeka majani karibu na nyumba, na funga vizuri mahindi, maana penye panya nyoka haalikwi.

MAMA ALIYEKUJA SHULENI

Siku tatu baada ya safari yetu, mama wa yule kijana wa jiwe jeusi alikuja shuleni. Alinisalimu kwa adabu, lakini uso wake haukuwa wa kicheko.

"Mwalimu," akasema, "mtoto amerudi nyumbani akasema jiwe langu ni ganda la ndizi. Nililipewa na marehemu mama mzazi. Tuko mbali na hospitali tukiwa kule shambani, na seramu ni ghali, tena pengine haipo. Wewe umeninyang'anya nilichokuwa nacho. Umenipa nini mahali pake?"

Wasomaji, niliona haya. Aliyosema yalikuwa kweli. Vituo vingi vya afya mashambani havina seramu, na palipo na seramu, bei yake huwashinda maskini. Ni rahisi mwalimu kubomoa imani ya mtu darasani. Kujenga kitu mahali pake ni kazi.

Nikamwambia, "Mama, unisamehe kwa neno la ganda la ndizi. Jiwe ni ukumbusho wa mama yako, lihifadhi. Ninaloomba ni hili tu: lisikufanye ungoje. Hata bila seramu hospitali yaweza kumsaidia mtu kupumua, kumwekea maji, kumpunguzia maumivu, na kumpeleka mbele. Na kabla hamjaenda shambani, tuulize pamoja ni hospitali ipi iliyo na seramu."

Tukauliza. Tulizunguka siku mbili, kwa miguu na kwa simu. Mahali pa kwanza walisema hawana. Pa pili waliwahi kuwa nayo. Pa tatu walisema wanayo, tukaandika jina la hospitali, namba yake ya simu, na namba ya kijana wa pikipiki wa kijiji chao. Yule mama aliyaandika yote kwa makaa juu ya mlango wa nyumba yake ya shambani, kwa herufi kubwa, ili hata mtoto ayasome. Jamaa zake wa shambani walikubaliana kuweka akiba kidogo kila mwezi kwa ajili ya safari ya namna hiyo. Jiwe bado liko kabatini.

Mvua zitakapoanza, majembe yatarudi shambani na nyoka watatoka mashimoni. Msomaji, unajua ni hospitali ipi karibu nawe iliyo na seramu? Kama hujui, nenda ukaulize juma hili, wakati hakuna anayelia nyumbani mwako. Na siku ya mapumziko wapeleke watoto bustanini wakamwone mamba akiota jua, na mkiwa njiani kurudi, waulize: mtu akiumwa na nyoka, tutafanya nini?